Hina Tuliyoinywa Nje ya Kilindini

Waliokuwepo tulikuwa watu watano. Nawaandika mwanzo ili asije mtu akajitia naye alikuwepo. Mie mwenyewe, Time binti Faki wa Micheweni. Mwanangu Zuwena, kitinda mimba wangu, mjane wa Makame Juma aliyeanguka mkarafuu mwaka juzi. Kaka yangu Kombo Faki, baba mmoja mama mmoja, aliyetusindikiza kwa kuwa haikufaa tuvuke bahari bila mwanamume wetu. Na Wajapani wawili, mke na mume, Bi Haruko na Bwana Tanabe. Hao si jamaa zetu kwa damu wala kwa ndoa, lakini mie siwezi kuwaita watu baki.

Bi Mize na Bi Raya, mmeniuliza mara tatu sasa, na kila nikianza huingia mtu kuomba moto au pilipili, habari ikakatika. Na huko Tumbe nasikia imeshavuma kwamba tulinyweshwa hina melini na Wachina. Kwanza si Wachina. Pili, ngojeni niwaeleze wenyewe. Naandika kwa herufi za Kiarabu za chuoni, maana ndizo nilizonazo, na anayejua kusoma awasomee wenziwe taratibu. Mambo ya tikiti na karatasi za kusafiria siyataji. Yalimchosha Kombo peke yake, na yatosha.

Safari yenyewe ilikuwa ya heri. Mwanangu Hamadi, yule anayefanya kazi bandarini Mombasa, alijaaliwa mtoto wa kike, akaniandikia niende nikamsaidie mkewe mpaka atimize arubaini. Nikasema siendi bila Zuwena.

Mnamjua Zuwena alivyokuwa. Eda yake ilikwisha kwa hesabu ya sharia, miezi minne na siku kumi, na Shehe akamwambia kwa upole kwamba kuendelea si ibada. Yeye akaendelea. Miaka miwili hajavaa ila kaniki nyeusi ya msiba, hajagusa hina, hajatia hata karafuu kwenye nywele. Chakula ni tonge tatu, nne akilazimishwa. Na jina la marehemu halitamki, wala sisi hatulitamki mbele yake.

Na wakati huohuo Khatib Mbarouk wa Konde, yule mchoma chokaa, alikuwa ameshapeleka posa mara mbili. Mara ya tatu shangazi yake alikuja kwangu akakaa ukumbini, akasema kwa adabu kabisa kwamba kijana wake atangoja mpaka tutakaporudi kutoka Mombasa, na akikosa jibu atatazama kwingine, bila kinyongo. Nikamfikishia Zuwena. Alikuwa anachambua mchele. Hakuinua uso.

"Mama," akanambia, "nikivua kaniki hii, mume wangu amekufa kweli."

Hilo ndilo nililolibeba mie kutoka Micheweni, zito kuliko mzigo wote aliochukua Kombo.

Micheweni mpaka Wete

Lori lilikuja saa moja na nusu badala ya saa kumi na mbili, limejaa makumbi na kuku. Tukapandishwa juu ya magunia. Kombo alipewa nafasi mbele kwa dereva kwa ajili ya ndevu zake nyeupe, na akaona haya kutuacha nyuma, lakini haya yenyewe hayakumshusha.

Tulipofika Konde, mpira ukapasuka. Na haukupasuka popote ila mbele ya tanuri la Khatib Mbarouk. Wallahi siongezi neno. Lori likaegama, kuku wakapiga kelele, na Khatib akatoka kwenye moshi, nyusi nyeupe kwa chokaa kama mtu aliyezeeka ghafla. Akamwamkia Kombo, akaniamkia mie, akanyanyua gari pamoja na wenziwe bila kuambiwa. Kisha akaleta madafu, akayaweka karibu yangu, si karibu ya Zuwena. Hakumtazama hata mara moja. Zuwena naye aliuelekeza uso upande wa mihogo mpaka tukaondoka, na tulikaa pale si chini ya saa mbili.

Njiani Kombo akasema kwa sauti ili tusikie huku nyuma kwamba mpira ule ulihongwa. Dereva akacheka. Zuwena akajifunika ushungi. Dafu lake hakulinywa, akampa mama mmoja aliyekuwa na mtoto.

Wete tulikula mkate wa kumimina kwa mpwa wangu Salma binti Omar, na hapo nikanunua kapu la halua ya kumpelekea Hamadi, ikiwa bado moto. Meli ya serikali ikachelewa mpaka alasiri kwa sababu ya mkubwa mmoja aliyekuwa akingojewa, na mkubwa mwenyewe hakuja.

Wete mpaka Unguja

Hapa sina mengi. Kombo, ambaye nyumbani hutusimulia alivyovua papa, alitapika tangu tulipoacha mlango wa bandari. Alishika ndoo kwa mikono miwili akawa anaisomea. Zuwena ndiye aliyemkamua ndimu na kumfuta uso. Nikaona kumbe mikono yake bado inajua kuhudumu mtu, ila yeye mwenyewe ndiye hajihudumii.

Mzee mmoja wa Makoongwe aliyekaa jirani yetu akatuuliza sisi wa chama gani hata kabla hajatuuliza hali, kama ilivyo desturi ya siku hizi. Nikamwambia mie ni wa chama cha wanaotaka kufika salama. Akatupisha mkeka.

Siku nne za Ng'ambo

Meli ya kwenda Mombasa ilitakiwa iwepo siku ya pili yake. Ilikuja siku ya tano. Hizo siku nne tulikaa Ng'ambo kwa Bi Siti binti Khamis, mtoto wa ami yangu, mwenye moyo mkubwa na mdomo mkubwa vilevile. Mungu amzidishie vyote viwili. Kila nikifungua kinywa, wanawake wa mtaa wake wakicheka Kipemba changu, wakinitaka niseme tena. Nikasema tena. Kucheka hakuniumi.

Bi Siti alipika kila alichokijua ili Zuwena ale. Boko-boko, samaki wa kupaka, ndizi za nazi. Zuwena akala tonge zake tatu, akashukuru, akanawa. Siku ya tatu Bi Siti akaona dawa ni nyingine. Pasipo kuniuliza, akamwita fundi wa hina, mwanamke anayeitwa Bi Kazija, hodari mtaani kwao, akaja na bakuli yake imeshakorogwa na vijiti vyake. Bi Siti akamshika Zuwena mkono kwa mapenzi kabisa, akamvuta mkekani, akamwambia leo utakuwa kama wenzio.

Zuwena alijivua ule mkono taratibu, akatoka uani, akakaa nyuma ya kisima, na hakurudi ndani mpaka Bi Kazija alipoondoka na bakuli yake. Nilimfuata. Nilimkuta amekunja vidole, amevifutika ndani ya kaniki, kana kwamba mtu atakuja kumwibia. Nikamwapia pale pale kwamba kwenye safari hii hakuna mtu atakayemletea hina tena mie nikiwa hai. Bi Siti alilia, maskini, akasema alidhani anafanya wema. Nikamwambia ni wema, ila haujafika wakati wake.

Kutoka Unguja, na mkeka wetu

Meli hiyo ilikuwa kubwa, ya wazungu, inatoka kusini. Sisi tulikuwa watu wa juu, yaani wa kulala sitahani, kila mtu na mkeka wake. Kombo alikuja na seredani na makaa, akitaka kuchemsha chai yake mwenyewe. Baharia mmoja akamkataza. Kombo akamweleza kwamba seredani hiyo ina miaka kumi na mbili na haijawahi kuunguza nyumba. Baharia hakujua Kiswahili, Kombo hakujua lugha ya baharia, na kila mmoja akawa anaeleza vizuri zaidi. Mwisho seredani ikafungwa kwenye gunia, na Kombo akanuna mpaka asubuhi.

Asubuhi tulikuwa tayari nje ya Kilindini. Tunaiona Mombasa, tunaona minazi yake, na meli imesimama. Wakasema bandari imejaa, tungoje zamu. Tukangoja mchana kutwa na siku ya pili yake vilevile. Jua lilikuwa kali, na chakula chetu kilibaki mkate mkavu na lile kapu la halua.

Watu wa vyumbani nao joto likawashinda, wakawa wanapanda juu kutafuta upepo. Wengi walipita juu ya mikeka yetu na viatu vyao. Sikuwalaumu, hawajui. Kisha akaja mwanamke mmoja mdogo wa umbo, amevaa gauni la rangi ya majivu, nywele kazifunga nyuma. Akasimama kwenye ukingo wa mkeka wangu. Akavua viatu. Akavigeuza, ncha zikatazama nje, akaviweka sawa kama mtu aliyeko kwenye mlango wa msikiti. Ndipo akainama, akaomba kwa mkono kama anaweza kukaa kivulini kwetu. Nikampisha. Akakaa kama tunavyokaa kwenye tahiyatu, miguu chini yake, mikono juu ya mapaja. Kombo akanung'unika kwamba huyu ameshasali bila kutawadha. Nikamkodolea macho akanyamaza.

Huyo ndiye Bi Haruko. Mumewe, Bwana Tanabe, alikuja nyuma yake akatuamkia kwa Kiswahili. Kiswahili chake ni cha dukani, alijifunza Mombasa kwa kuuza nguo, lakini shikamoo yake ilikuwa nzima. Akatueleza kwamba kazi yake ni kanga. Akaniomba ruhusa ashike pindo la kanga yangu, ile nyekundu, ambayo jina lake sitaliandika lakini Bi Mize analijua na ndiye aliyenipa. Akaigeuza, akatazama ukingo, akasema hii imechapwa kwao Japani, katika mji anaotoka mkewe. Nikashangaa. Miaka yote najifunga nguo ya watu nami nadhani inatoka Mombasa. Akasema mkewe amekuja naye safari hii ili atazame wanawake wanapenda rangi gani, kwa sababu wanaume wa kampuni hubahatisha.

Bi Haruko alikuwa akitazama rangi, kweli. Akatazama kanga yangu, akatazama za wanawake wengine, kisha macho yake yakafika kwenye kaniki ya Zuwena, yakakaa pale. Hakuuliza. Nikawakatia halua. Akaipokea kwa mikono miwili, akaila kidogo kidogo, akafumba macho. Mumewe akasema mkewe anasema kesho na yeye ataleta cha kwao.

Siku ya pili nje ya Kilindini

Alikuja baada ya adhuhuri, ana kifurushi cha kitambaa kimefungwa fundo juu kama tunavyofunga sisi. Viatu vile vile, akaviacha vile vile. Akafungua fundo, akatandaza kitambaa juu ya mkeka, akatoa kimoja kimoja. Bakuli moja ya udongo, nyeusi, haina mkono. Kijiko chembamba cha mwanzi. Kitu kama kifagio kidogo, nacho cha mwanzi, nyuzi zake nyembamba kama nywele. Chupa ya kuwekea maji moto. Na mkebe wa bati.

Kwanza akatupa vipande vya kitu cha kahawia kinachong'aa. Nilipokitia mdomoni nikajua ni halua, ila ya kunde. Bwana Tanabe akasema ndiyo, ni kunde na sukari. Nikasema alhamdulillahi, kumbe ni watu kama sisi.

Kisha akafungua ule mkebe.

Ndani mlikuwa na unga. Unga wa kijani, laini kuliko poda, kijani kile kile mnachokijua nyote. Mwanamke, bakuli, maji, unga wa kijani, na sisi tumekaa mkekani. Kitu gani kingine? Alikuwa ameona miguu yangu ina hina, akaona mwanangu hana, akafikiri kama Bi Siti alivyofikiri. Na mie nilikwisha kuapa nyuma ya kisima.

Nikamwambia Bwana Tanabe haraka, lakini kwa heshima, amshukuru mkewe sana, mie na uzee wangu nipo tayari kutiwa, lakini huyu binti yangu asimguse, ana jambo lake. Bwana Tanabe akaniuliza kutiwa nini. Sikumjibu, maana Bi Haruko alikuwa ameshatia unga bakulini, kijiko kimoja na nusu, ameshamimina maji, na ameshaanza kukoroga kwa kile kifagio, mbio mbio, mkono unakwenda na kurudi mpaka hina ikatoa povu. Sijawahi kuona hina ya povu. Kombo kwenye pembe yake akasema ikikoza hiyo itafika magotini.

Hapo ndipo Zuwena aliposogea.

Alisogea mbele yangu. Akakunja mikono ya nguo yake, wa kulia, kisha wa kushoto. Akainyoosha mikono yote miwili mbele ya Bi Haruko, viganja juu.

"Anitie," akasema.

Mie sikumtazama. Nilitazama bahari. Niliogopa nikimtazama ataona nilivyofurahi, na akiona ataikunja tena. Sijui ni kile kimya cha yule mwanamke kilichomvuta, au vile viatu, au kwa kuwa hakuna aliyemshika mkono kumvuta. Nimemuuliza baadaye, naye hajui.

Bi Haruko aliona mikono iliyonyooshwa kwake, akafurahi, akaichukua ile bakuli, akaizungusha kidogo, akaiweka katikati ya viganja vya Zuwena. Kisha akainama mpaka paji la uso likakaribia mkeka.

Tukangoja. Zuwena ameshika bakuli. Bi Haruko ameinama. Povu linapasuka taratibu.

"Mama, nijipake mwenyewe?" Zuwena akaniuliza kwa sauti ndogo.

"Anywe," akasema Bwana Tanabe.

"Hina hainywewi, bwana," nikamwambia.

Yule bwana alitutazama mmoja mmoja, akamgeukia mkewe wakasemezana kwao. Bi Haruko akainuka. Akatazama unga wake, akatazama nyayo zangu, akatazama mikono ya Zuwena, akafahamu kabla ya mumewe. Akaziba mdomo kwa kiganja. Alikuwa anacheka, lakini alipouona uso wa Zuwena, kicheko kikamwisha.

Maana Zuwena sasa alikuwa amefahamu naye. Amenyoosha mikono mbele ya watu, baada ya miaka miwili, na hakuna hina. Nilimwona anataka kuirudisha ndani ya kaniki. Lakini mikono ilikuwa imejaa bakuli, hawezi kuirudisha. Akikunja, itamwagika juu ya nguo za mgeni.

Kombo, Mungu amrehemu akiwa hai, akaingilia hapo hapo kuuliza kama kitu hicho ni kileo. Bwana Tanabe akaapa kwamba ni majani ya chai tu, yamekaushwa yakasagwa kwenye jiwe, na watu wa dini wa kwao ndio wanaokinywa zaidi. Chai ya kijani? Ndiyo. Ya unga? Ndiyo. Bila sukari? Ndiyo maana ya ile halua ya kunde kwanza. Kombo akatikisa kichwa akasema basi ni kahawa yao. Na ndivyo ilivyo. Utamu kwanza, uchungu baadaye, kama barazani kwetu.

Zuwena akasema bismillahi, akainua bakuli akanywa.

Uso wake ulikunjana. Akameza. Akaiteremsha bakuli, na juu ya mdomo wake pamebaki mstari wa povu la kijani.

"Mchunga," akasema. "Mama, ni mboga ya mchunga tupu, isiyotiwa nazi."

Na akacheka. Si kicheko kikubwa, wala msije mkasema nimesema kikubwa. Kilikuwa cha puani, kama mtu anayepiga chafya. Lakini mie nakijua, ni kile kile alichokuwa nacho tangu mtoto. Akanywa tena, akamaliza, na Bwana Tanabe akamwambia funda la mwisho kwao hunywewa kwa kuvuta mpaka lisikike. Akavuta. Kwetu ningemfinya. Pale nikamwacha.

Nami nikanywa. Kweli ni mchunga, lakini nyuma yake mna kitu kingine, kama harufu ya majani baada ya mvua ya kwanza, na ule uchungu haukai, huondoka ukaacha mdomo safi. Kombo alikataa, kisha akaonja ili asionekane mwoga, kisha akanywa bakuli mbili.

Ndipo Bi Haruko, kwa ulimi wa mumewe, akauliza habari ya kaniki. Nikajibu mie kwa niaba ya mwanangu, kwa kifupi, kama ninavyowajibu watu siku zote. Bi Haruko akasikiliza. Hakusema pole. Akamwambia mumewe maneno, na mumewe akasita. Akamwambia tena. Basi yule bwana akatazama magoti yake akatufasiria. Mkewe alikuwa na mume kabla yake. Huyo wa kwanza alikwenda vitani hakurudi. Miaka saba mkewe hakuvaa nguo ya rangi, na yeye anafanya kazi kwenye mji wa kuchapa nguo.

Zuwena ndiye aliyeuliza, na swali alilielekeza kwa mwanamke, si kwa mume.

"Na sasa amemsahau?"

Bwana Tanabe akafasiri. Bi Haruko akatikisa kichwa.

"Hapana," akasema yule bwana. "Kila asubuhi akikoroga chai hii, kikombe cha kwanza ni cha yule. Anamwekea. Cha pili ni changu." Akafikiri kidogo, akaongeza la kwake mwenyewe: "Mimi najua jina lake. Nyumbani kwetu tunamtaja."

Sisi kwetu wafu hatuwatilii chai, tunawasomea. Hilo nilitaka kulisema, kisha nikaona halikuwa na haja ya kusemwa pale. Zuwena alikuwa anaifuta ile bakuli kwa ncha ya kaniki yake, anaizungusha, anaifuta.

"Wa kwangu alikuwa akiitwa Makame," akasema.

Bi Haruko hakungoja kufasiriwa. "Makame," akalirudia, sawasawa kabisa, kama mtu aliyezaliwa Micheweni. Nikajifuta macho nikasingizia jua.

Alasiri meli ikapewa zamu yake.

Mombasa, na kurudi

Bandarini Hamadi alitupokea, na wale wawili wakachukuliwa na gari la kampuni. Hatukupeana anwani. Mie sijui maandiko yao, na Bi Haruko hajui yangu. Aliniinamia, nami nikamshika mikono nikamwombea.

Mombasa tulikaa mpaka arubaini ikatimia. Mtoto ameitwa Time, Mungu ampe bahati kuliko mie. Zuwena alimwogesha, akamkanda, akamtembeza. Alikula. Sikuhesabu tonge, niliogopa kuzihesabu. Kaniki hakuivua, na hina hakutia, na mke wa Hamadi aliponiuliza kwa macho nikamwambia kwa macho amwache.

Tulipokuwa tunarudi, meli imeshapita Unguja, Kombo yuko na ndoo yake, Zuwena akanambia: "Mama, Khatib aje. Asilete mtu. Nina swali moja."

Sikuuliza swali gani. Wala kulala sikulala vizuri mpaka Ijumaa.

Alikuja baada ya swala, amekoga, amevaa kanzu, lakini chokaa haitoki kwenye kucha zile. Akakaa barazani na Kombo. Mie nilikaa kizingitini, na Zuwena akasimama ndani nyuma ya pazia. Kombo akaanza habari za mvua, nikamkoholea.

"Khatib," akasema Zuwena, "jina la Makame litatajwa nyumbani kwako, au nitakuwa nalificha?"

Khatib akazitazama kucha zake mpaka mie nikaanza kutafuta maneno ya kumfariji shangazi yake.

"Nimechuma naye karafuu misimu mitatu," akasema mwisho. "Litajwe. Na siku wewe utakapochoka kulitaja, nitalitaja mie."

Kisha kutoka nyuma ya pazia Zuwena akamuuliza mjomba wake kama mgeni anakunywa kahawa, na Kombo akasema anakunywa, na nikasikia vikombe vinateremshwa.

Basi, wenzangu, ndivyo ilivyokuwa. Huenda nimekosea siku, au nimempa Bi Kazija bakuli isiyo yake, au yule mzee wa Makoongwe alikuwa wa Kisiwa Panza. Macho yangu si ya zamani, na safari ilikuwa ndefu. Aliyejua zaidi anirekebishe, nami nitafuta niandike upya, sitaona vibaya. Kuhusu melini muulizeni Kombo, ila mtoe humo papa atakaowaongeza. Na kama maneno ya Khatib sikuyashika sawa, mwenyewe atakuwa hapa kwetu baada ya Maulidi. Njooni mmuulize, na njooni mapema, kwani kuna hina ya kutwanga.